Mlango wa friji uliogoma, na mwanamke aliyesingiziwa

Swali la msomaji: Mwalimu, shikamoo. Nimetumiwa kipande cha video cha zamani kisicho na rangi. Mwanamke anatangaza friji kwenye televisheni ya Marekani, mubashara, anafika pa kufungua mlango, mlango unagoma. Maelezo ya chini yanasema ni Betty Furness na kwamba aibu ile ndiyo iliyomaliza kazi yake. Lakini kwingine nimesoma kwamba Betty Furness huyohuyo alikuja kuwa mshauri wa Rais Johnson. Inawezekanaje mtu aaibike namna ile kisha aishie Ikulu ya Marekani? Na kwa nini hawakurekodi kwanza, wakakata makosa, ndipo warushe?

Jibu: Marahaba. Nianze na friji, maana hapo ndipo wengi wanapopotelea. Mwanamke unayemwona akihangaika na mlango ule si Betty Furness. Ni June Graham, mwigizaji aliyemshikia zamu siku hiyo. Friji ni ya Westinghouse, kipindi kilichokuwa hewani ni Studio One cha CBS, mmoja wa mitandao mikubwa ya televisheni ya Marekani, na ilikuwa katikati ya miaka ya 1950. Kilichofanya tukio lile lisisahaulike ni kwamba sifa yenyewe iliyokuwa ikitangazwa ilikuwa ya mlango, kwamba unafunguka kirahisi mno. Akasema unafunguka, akagusa, kimya. Akajaribu tena huku akiendelea kuongea na kutabasamu, na mlango ukashikilia msimamo wake.

Furness hakuwepo. Alikuwa ameanza kazi ya kutangaza bidhaa za Westinghouse mwaka 1949, akaendelea nayo mpaka 1960. Kwa hiyo hakuna kazi iliyoishia kwenye mlango ule, wala ya kwake haikutetereka. Alisingiziwa kwa sababu moja tu: kwa Mmarekani wa miaka ile, mwanamke anayesimama kando ya friji ya Westinghouse alikuwa Betty Furness. Jina lake lilikuwa limeshaganda kwenye bidhaa. Ukisimulia kisa cha friji iliyogoma, ulimi unamtaja yeye hata kama macho yalimwona mwingine. Huo ndio umaarufu wenyewe, na nitakueleza jinsi ulivyompandisha na jinsi ulivyombana, maana kwake vyote viwili vilitokea.

Swali lako la kurekodi kwanza ni zuri kuliko unavyodhani. Hawakuwa na cha kurekodia. Mkanda wa video unaofaa kwa utangazaji ulioneshwa na kampuni ya Ampex kwa mara ya kwanza mwezi Aprili 1956, na mtandao wa kwanza kuutumia hewani ulikuwa CBS, Novemba mwaka huohuo, kurudia taarifa ya habari kwa watazamaji wa Pwani ya Magharibi. Kabla ya hapo kulikuwa na njia moja ya kuhifadhi kilichopita hewani: kuiweka kamera ya sinema mbele ya skrini ya televisheni na kuipiga picha skrini yenyewe. Filamu za namna hiyo ziliitwa kineskopu. Ndiyo maana kipande ulichotumiwa kina ukungu kama mtu anayeonekana kupitia kioo chenye mvuke. Unatazama picha ya picha. Kineskopu iliweza kutunza kumbukumbu, na iliweza kusafirishwa kwa vituo ambavyo havijaunganishwa na mtandao, lakini haikuwa chombo cha kusahihishia. Kosa likitokea, limetokea kwa wote waliowasha.

Na matangazo ya biashara nayo yalikuwa mubashara, hasa kwenye tamthilia. Jambo hili huwashangaza wanafunzi wangu kila mwaka. Tumezoea tangazo kuwa kitu kilichotengenezwa mahali pengine kwa wiki kadhaa na kupachikwa. Studio One ilikuwa tamthilia ya saa nzima kila Jumatatu usiku, ikirushwa New York kutoka studio za CBS zilizokuwa ndani ya jengo la stesheni ya treni ya Grand Central. Ndani ya studio hiyohiyo yenye sebule ya kuigizia, chumba cha mahakama au kibaraza cha nyumba, palitengwa pembe ya jiko lenye friji, mashine ya kufulia na oveni. Sehemu ya kwanza ya mchezo inakwisha, kamera zinageuzwa, na mwanamke anaanza kuzungumza.

Sasa fikiria kinachoendelea gizani anapozungumza. Waigizaji wanakimbia kubadili nguo. Mafundi wanasukuma kuta za mandhari bila kuruhusiwa kugonga chochote. Kamera moja imebaki kwake, nyingine inaburuzwa kwenda mahali pa sehemu ya pili, na nyaya zake nene zikivutwa nyuma yake sakafuni. Akimaliza mapema sekunde 20, kamera inarudi kwa mtu ambaye bado anafunga vifungo vya shati. Akichelewa sekunde 20, mchezo utakatika mwishoni kabla muuaji hajatajwa, maana saa ikifika mtandao unaondoka na kwenda kwenye kipindi kinachofuata. Kwa hiyo yule tunayemwita mwuza friji alikuwa ndiye bawaba ya kipindi kizima. Kila kitu kiligeukia kwake.

Hapo ndipo kipaji cha Furness kilipoonekana, na kilionekana kwa bahati. Mwaka 1949 alikuja Studio One kama mwigizaji tu, amepewa nafasi kwenye mchezo mmojawapo. Mwanamke aliyeajiriwa kusema tangazo la Westinghouse alikuwa akibabaika na maneno. Furness akajitolea kujaribu. Aliyasema kama mtu anayezungumza na jirani, kwa ufasaha, bila kupepesa, na kampuni haikumwachia tena.

Usidhani aliokotwa barabarani. Alizaliwa New York tarehe 3 Januari 1916. Baba yake, George Furness, alikuwa kiongozi katika kampuni ya betri za Eveready na alihusika na moja ya vipindi vya kwanza kabisa vya redio vilivyodhaminiwa na kampuni nchini Marekani, katika miaka ya 1920. Unaona, biashara ya kuongea na umma kwa niaba ya bidhaa ilikuwa imeingia nyumbani kwao hata kabla televisheni haijawepo. Akiwa kijana mdogo alifanya kazi ya uanamitindo, na mwaka 1932, akiwa na miaka 16, akasaini mkataba na studio ya RKO huko Hollywood. Aliigiza filamu zaidi ya 30 katika muongo ule. Nyingi hazikumbukwi, na nafasi alizopewa zilikuwa za msichana mzuri ambaye mhusika mkuu hatamwoa. Kwenye Swing Time ya 1936, kwa mfano, yeye ni mchumba ambaye Fred Astaire anamwacha ili acheze na Ginger Rogers. Hollywood ilipomchoka akaenda jukwaani, na kufikia mwishoni mwa miaka ya 1940 alikuwa mama aliyeachika, ana binti wa kulea, na simu ya kazi haipigi mara nyingi.

Televisheni ya mwanzo ilijazwa na watu wa aina yake: walioshindwa kuwa nyota wakubwa wa sinema lakini wenye nidhamu ya kazi kuliko nyota wenyewe. Wakubwa waliiogopa, na studio nyingi za filamu ziliichukulia kuwa adui. Kisha idadi ilikuwa ndogo. Mwaka 1950 ni takribani asilimia 9 tu ya nyumba za Marekani zilikuwa na televisheni. Miaka mitano baadaye zilikuwa karibu theluthi mbili. Aliyekuwa ameshakaa kwenye kiti mwaka 1949 alijikuta ameketi mbele ya taifa bila kuhama studio.

Kuna jambo moja alilolifanya mapema ambalo kwangu ndilo ufunguo wa yote yaliyofuata. Westinghouse walimtaka avae aproni, aonekane mama wa nyumbani aliyetoka kukaanga kitu. Alikataa. Alisimama mbele ya jiko akiwa amevaa kama mwanamke wa New York anayekwenda kazini au karamuni, nywele zimetengenezwa, na akaeleza friji kama mtu anayeijua na si kama mtu anayeitumikia. Hakusoma popote. Vibao vya maandishi vilikuwepo, na mashine ya kusomea maneno ilianza kutumika kwenye televisheni mwaka 1950, lakini yeye alikariri. Ukimtazama kwenye rekodi zilizobaki utaona tofauti: macho ya anayesoma yana safari ndogo ya kwenda na kurudi, ya kwake yametulia palepale. Mtazamaji hajui kwa nini anamwamini, lakini anamwamini.

Kaulimbiu aliyoifunga nayo kila tangazo ilisema kwamba ikiwa ni Westinghouse unaweza kuwa na hakika. Ukiisoma kwenye karatasi ni maneno matupu. Ikisemwa mubashara na mtu anayefungua mlango mbele yako, bila nafasi ya kurudia, inakuwa dau. Kila wiki alikuwa anaweka dau kwamba chombo kitafanya alichosema. Ndiyo maana siku kilipokataa, japo si mkononi mwake, watu walicheka mpaka leo.

Nikupeleke sasa Chicago, Julai 1952, maana huko ndiko alikogeuka kutoka sura inayojulikana akawa sura isiyokwepeka. Mwaka mmoja kabla, Septemba 1951, kampuni ya simu ya AT&T ilikuwa imekamilisha njia ya kupeleka picha kutoka pwani moja ya Marekani hadi nyingine. Tukio la kwanza kurushwa lilikuwa hotuba ya Rais Truman huko San Francisco. Uchaguzi wa 1952 ndio ukawa wa kwanza ambao mikutano mikuu ya vyama ilionekana kwa wakati mmoja nchi nzima. Vyama vyote viwili, Republican na kisha Democratic, vilikutana Chicago, katika ukumbi uleule wa International Amphitheatre, wiki mbili tu zikipishana. Westinghouse ilinunua udhamini wa matangazo ya CBS. Kwenye kiti cha habari alikuwa Walter Cronkite, jina ambalo nchi ilikuwa bado haijalizoea. Kwenye jiko alikuwa Furness.

Mikutano ile haikuwa na ratiba ya televisheni kama ya siku hizi. Wajumbe walibishana mchana kutwa na usiku, Eisenhower na Taft wa Republican wakigombania kura jimbo kwa jimbo, hotuba zikirefuka bila kujali nani anatazama. Kila palipotokea mwanya, Furness alionekana. Asubuhi, jioni, usiku wa manane. Akabadili nguo, akaonekana tena, akafungua oveni nyingine. Watu wakaanza kutania kwamba amekaa hewani muda mrefu kuliko mgombea yeyote. Utani ule haukuwa mbali na ukweli. Mwanasiasa alipanda jukwaani mara moja, yeye alirudi kila baada ya muda mfupi kwa siku nyingi, tena bila mtu wa kumpinga. Mwaka 1956 wakarudia, Democratic wakiwa Chicago, Republican San Francisco.

Nitaweka jambo dogo pembeni hapa, litatusaidia mbele. Amphitheatre ile ilijengwa mlango kwa mlango na mazizi makubwa ya Chicago, Union Stock Yards, mahali ambapo ng'ombe na nguruwe wa nusu ya nchi walifikishwa kuchinjwa. Furness alikuwa akionesha friji safi, nyeupe, za kuhifadhia nyama, hatua chache kutoka mahali nyama ilikotoka. Sidhani kama mwaka ule yeyote aliliwazia hilo, hata yeye.

Umaarufu wake nje ya Westinghouse sitaukalia sana. Aliongoza kipindi cha mazungumzo na burudani kwenye ABC mwanzoni mwa miaka ya 1950, akawa na kipindi kifupi cha mchana chenye jina lake CBS mwaka 1953, akakaa kwenye meza za michezo ya kukisia majibu pamoja na watu maarufu wengine. Havikudumu. Watazamaji hawakumkataa, ila walimtaka kwenye jiko.

Zama zenyewe zikaanza kuisha. Kufikia mwishoni mwa muongo, udhamini wa kampuni moja kumiliki saa nzima ulikuwa unazidi kuwa ghali, na mitandao ilitaka kuuza dakika mojamoja kwa kampuni nyingi ili yenyewe ndiyo ishike kipindi. Kashfa ya michezo ya maswali iliyopangwa matokeo, iliyolipuka 1958, iliwapa sababu zaidi ya kuwaondoa wadhamini kwenye usukani. Tamthilia zikahamia kwenye filamu na Pwani ya Magharibi. Studio One nayo ilihamishiwa Hollywood Januari 1958, na Septemba ikafa. Tangazo lililorekodiwa halikuhitaji mtu mwenye mishipa ya chuma, lilihitaji mhariri. Mwaka 1960 Furness na Westinghouse wakaachana.

Alikuwa na miaka 44. Alitaka kuwa mwandishi wa habari, na hapo ndipo jina lililomlisha lilipomgeuka. Alibisha hodi kwenye mitandao ya televisheni na hakufunguliwa. Yeye ni mama wa friji, nani atamsikiliza akieleza bajeti ya serikali? Mtu aliyekuwa kando ya Cronkite siku nzima, akistahimili saa zilezile na joto lilelile, hakuonekana kuwa na ujuzi wa habari. Kulikuwa na hoja ya haki ndani yake, kwamba aliyelipwa kusifia bidhaa asiaminiwe haraka kusema ukweli kuhusu bidhaa. Lakini hoja ile haikutumika kwa wote. Wanaume kadhaa wa vipindi vya habari vya wakati ule walisoma matangazo ya sigara na kahawa kwa midomo yao wenyewe, na asubuhi iliyofuata wakawahoji mawaziri.

Na kuna mfano mwingine ambao siwezi kuuacha. Westinghouse ilikuwa na mshindani mkubwa, General Electric. Kuanzia 1954 mpaka 1962, General Electric nayo ilikuwa na mwigizaji wa filamu ambaye nyota yake ilikuwa imefifia, ikampa tamthilia ya Jumapili aiongoze na kumzungusha viwandani kote akihutubia wafanyakazi. Aliitwa Ronald Reagan. Miaka minne baada ya kipindi kufa alichaguliwa gavana wa California. Kampuni mbili za umeme zikitafuta watu wa kuaminika mbele ya kamera zilizalisha, bila kukusudia, watu wawili wa siasa. Njia zao zilitofautiana kabisa, na mmoja tu ndiye aliyeulizwa kila siku habari za friji.

Furness aliingilia mlango wa redio. CBS ilimpa vipindi vifupi vya kuzungumza na wanawake kuhusu mambo yao, na sambamba na hilo akajitumbukiza katika shughuli za chama cha Democratic na miradi ya serikali ya Johnson ya kupambana na umaskini. Hapo ndipo Johnson alipompatia. Machi 1967 alimteua kuwa Msaidizi Maalumu wa Rais kwa Masuala ya Walaji, yaani watu wa kawaida wanaonunua vitu na huduma, badala ya Esther Peterson aliyeshika nafasi hiyo tangu 1964. Peterson alikuwa amewaudhi wafanyabiashara wengi, na wengi walidhani Johnson amechagua uso mzuri utakaotabasamu na kunyamaza. Magazeti yalikejeli. Mtetezi wa walaji Ralph Nader, ambaye miaka miwili kabla alikuwa ameisulubu tasnia ya magari, hakuficha mashaka yake. Nader alikuja kubadili maneno.

Alibadili kwa sababu Furness alisoma. Ile kazi ya kukariri kurasa za maelezo ya kiufundi na kuyageuza kuwa lugha ya jikoni, aliyoifanya kwa miaka 11, ilikuwa ndiyo kazi aliyohitaji mbele ya kamati za Bunge. Chukua sheria ya mikopo. Seneta Paul Douglas alikuwa ameipigania tangu 1960 bila mafanikio, akapoteza kiti 1966, William Proxmire akaishika. Ilitaka jambo moja linalosikika dogo: mkopeshaji amwambie mkopaji kiwango halisi cha riba kwa mwaka, kwa hesabu inayofanana kwa wote, badala ya kuificha nyuma ya maneno kama senti chache kwa siku. Wakopeshaji walisema watu hawataelewa hesabu hizo. Furness alizunguka nchi akieleza hesabu hizo hadharani, na watu wakaelewa. Johnson alitia saini Mei 1968.

Kabla ya hapo kulikuwa na nyama. Sheria ya zamani ya ukaguzi ya serikali kuu iligusa nyama inayovuka mpaka wa jimbo tu. Ng'ombe akichinjwa na kuuzwa ndani ya jimbo lilelile, ukaguzi uliachwa kwa jimbo, na baadhi ya majimbo yalikagua kidogo mno. Palikuwa na rasimu laini na rasimu kali, na Furness akasimama hadharani upande wa ukali. Tarehe 15 Desemba 1967 Johnson aliitia saini sheria ya nyama salama, na miongoni mwa walioalikwa alikuwa mzee wa miaka 89, Upton Sinclair, ambaye riwaya yake ya 1906 ilifichua uchafu wa machinjio ya Chicago. Machinjio yaleyale yaliyokuwa nyuma ya ukumbi ambamo Furness alifungua friji 1952. Kila nikifundisha kisa hiki hapa huwa nanyamaza kidogo niwape wanafunzi nafasi ya kuunganisha wenyewe. Wengine huunganisha.

Kwa hiyo kwa swali lako la jinsi mwuza friji alivyofika Ikulu, sikubaliani na wanaosema alifika licha ya friji. Johnson alihitaji mtu ambaye mama yeyote angemsikiliza bila kuhisi anahubiriwa na serikali, na Marekani ilikuwa imeshatumia miaka 11 kumzoea mtu huyo, akiwa amesimama mbele yao bila mkasi wa mhariri.

Johnson alipoondoka Januari 1969 naye aliondoka. Akaingia kwenye bodi ya Consumers Union, shirika linalopima bidhaa na kuchapisha matokeo bila kukubali matangazo. Lazima palikuwa na wakongwe mezani pale waliocheka kimoyomoyo. Mwaka 1970 Gavana Rockefeller alimpa uongozi wa bodi mpya ya kuwalinda walaji ya jimbo la New York, na ndani ya mwaka mmoja akajiuzulu, kwa sababu Bunge la jimbo halikupitisha miswada yake na hakuona haja ya kukalia kiti kisicho na meno. Mwaka 1973 akawa kamishna wa masuala ya walaji wa jiji la New York, akimrithi Bess Myerson, naye mtu wa televisheni aliyekuwa Miss America 1945.

Kisha, mwaka 1974, mlango aliobisha 1960 ukafunguliwa. Kituo cha WNBC cha New York kilimwajiri kuwa mwandishi wa habari za walaji. Alikuwa na miaka 58. Kipindi chake cha Buyline kilishughulikia malalamiko ya wanunuzi kwa kuwafuata wauzaji na kuwahoji, na kikatunukiwa tuzo ya Peabody ya 1977, tuzo ya heshima ya utangazaji. Mtangazaji Barbara Walters alipohamia ABC mwaka 1976, ni Furness aliyekalia kiti chake kwenye kipindi cha asubuhi cha Today cha NBC kwa miezi kadhaa mpaka alipokuja Jane Pauley, ambaye angeweza kuwa binti yake. Aliendelea kuripoti habari za walaji kwenye Today kwa miaka mingi baadaye. Aliugua saratani ya tumbo mwaka 1990, akapunguza siku za kazi, hakuacha. NBC iliamua kutomwongezea mkataba mwaka 1992, akiwa na miaka 76 na akihesabiwa kuwa mwandishi mkongwe kuliko wote wanaoonekana kwenye televisheni ya nchi ile. Hakuficha kwamba alitaka kuendelea. Alifariki New York tarehe 2 Aprili 1994.

Huenda unajiuliza pia kwa nini uongo wa mlango haufi. Sehemu nimeshaijibu: jina liliganda kwenye bidhaa. Sehemu nyingine ni kineskopu zenyewe. Ziko chache, picha haina makali, na wanawake wawili waliovaa vizuri kando ya friji moja wanafanana ukiwatazama kwenye skrini ya simu. Mtu anapakia, mwingine anapakua na kuandika jina analolijua, na la June Graham halijui mtu. Nadhani yeye ndiye aliyeonewa zaidi. Alifanya kile ambacho kazi ilimtaka afanye, hakukimbia, hakulia, hakuacha kuongea, alimaliza sekunde zake ili waigizaji wa sehemu iliyofuata wawe tayari. Mchezo ukaendelea. Halafu hata kosa lenyewe likaandikwa kwa jina la mwingine.

Ukitaka kumwona Furness mwenyewe, tafuta rekodi za matangazo ya CBS ya mikutano ya vyama ya 1952 na 1956, zipo baadhi. Utamjua kwa kukosa aproni. Na kile kipande ulichotumiwa, ukikituma kwa mwingine, badilisha maelezo ya chini kwanza.